Nyumba Yangu ya Gungu Imetajwa Mahakamani. Naweza Kuomba Kulipa Deni kwa Awamu?

Shikamoo mama mshauri,

Mimi ni baba wa watoto watatu, naishi Gungu, hapa Kigoma Ujiji. Kazi yangu ni dagaa. Nanunua mwalo wa Kibirizi, naanika, nafunga na kusafirisha Dar es Salaam. Nina mtumbwi wangu mmoja na injini yake, na nyumba ninayoishi ina fremu mbili kwa mbele ambazo nimepangisha.

Machi 2024 nilikopa shilingi milioni 16 kwa tajiri mmoja wa hapa mjini. Si mtu wa mbali, tunasali msikiti mmoja. Tuliandikishana kwa wakili kwamba nitamaliza ndani ya miezi minane, na nikamwachia karatasi ya mauziano ya kiwanja chenye nyumba, ile niliyosainiwa na mwenyekiti wa mtaa wakati nanunua. Sehemu ya hela nilinunua nyavu, nyingine nikawatangulizia wavuvi ili dagaa wao waje kwangu. Tarehe 15 Mei ziwa likafungwa kupumzishwa, mpaka 15 Agosti. Wavuvi wangu wakatawanyika, mmoja alikwenda kulima Uvinza na hakurudi tena. Lilipofunguliwa nilikuwa sina mtaji, nanunua ndoo mbili tatu kama mchuuzi mdogo. Kati ya zile milioni 16 nilikuwa nimerudisha 4 tu.

Akanishtaki mahakama ya wilaya. Nilikwenda siku ya kwanza, nikakiri kwamba nadaiwa, halafu sikwenda tena kwa sababu niliona nimeshakiri, nitasema nini zaidi? Hukumu ilitoka mwaka 2025: nilipe milioni 12, gharama za kesi laki 9, na riba ya asilimia 7 kwa mwaka tangu siku ya hukumu mpaka nimalize. Baada ya hapo nilimpelekea laki 7 mkononi, dukani kwake, na laki 5 nikamtumia kwa simu. Kisha mambo yakabana, nikanyamaza, naye akanyamaza. Nikadhani amenihurumia.

Sasa nimeletewa wito. Ameomba kukazia hukumu. Nimeitwa nieleze kwa nini nyumba ya Gungu, mtumbwi na injini visikamatwe na kuuzwa kwa mnada. Na kwenye orodha kuna injini ya pili ambayo si yangu, ni ya mpwa wangu, inalala kwangu tu. Milioni 12 na laki 9 imeandikwa yote, zile laki 12 nilizompa hazimo.

Kila mtu ana lake. Shemeji anasema nihamishe nyumba haraka niiandike jina lake. Rafiki yangu anasema kuna watu wanakopesha siku hiyohiyo, nimlipe tajiri aondoke. Kaka yangu anasema niende nikaahidi milioni moja kila mwezi, hakimu atafurahi. Nilimpigia simu tajiri, akanijibu kwamba dawa ya deni kulipa, akakata.

Biashara ikiwa nzuri napata faida ya laki 9 kwa mwezi, ikiwa mbaya laki 3 na nusu. Fremu zinaniingizia laki 1 na elfu 60. Nina kiwanja kitupu njia ya kwenda Kasulu, nikipata mteja wa kweli hakikosi milioni 5. Mtoto wa kwanza yuko kidato cha tatu.

Mke wangu hajui kuhusu huu wito. Nimeuficha kwenye begi la nyavu. Naomba uniambie, je, bado naweza kulipa kwa awamu, au nimeshachelewa?

Baba wa watatu, Gungu


Marahaba mwanangu,

Hujachelewa. Utachelewa ukiiacha tarehe iliyoandikwa kwenye huo wito ipite bila kufika. Mpaka hapo, mlango uko wazi.

Sheria inayoongoza kesi za namna yako ni Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33. Ndani yake, katika Amri ya 20 kanuni ya 11, mahakama imepewa uwezo wa kuamuru deni lililohukumiwa lilipwe kwa awamu, au malipo yasogezwe mbele, ikiwa kuna sababu ya kutosha. Ungeweza kuliomba hilo siku ileile ya hukumu, na hapo ndipo kutokwenda kwako kulipokugharimu. Mtu aliyekiri deni ndiye hasa aliyetakiwa kubaki mahakamani aombe nafasi ya kulipa. Sasa hukumu imeshatoka, kwa hiyo inabidi wewe mdaiwa upeleke maombi, na mdai asikilizwe. Ridhaa yake ina uzito mkubwa sana katika hatua hii. Mahakama ikikubali inaweza kuweka masharti: riba iendelee, utoe dhamana, au mali ikae imekamatwa bila kuuzwa wakati unalipa. Hii ni nafasi ambayo mahakama inaweza kukupa au kukunyima. Unaiomba kwa ushahidi, machozi hayatoshi.

Lakini kabla ya mahakama kuna mkeo.

Mwanangu, toa huo wito kwenye begi la nyavu leo. Najua unaona unamkinga. Fikiria dalali wa mahakama anavyofika: na karatasi, mara nyingi na mjumbe au mwenyekiti wa mtaa, na majirani wanatoka kuangalia. Unataka mkeo ajue hivyo, akiwa na ndoo ya maji mkononi? Mwanamke aliyeolewa ana haki ya kujua kwamba paa lililo juu ya watoto wake limeandikwa kwenye orodha. Na iko sababu ya kisheria. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kifungu cha 59, inamkataza mume au mke kuuza, kugawa au kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake. Wewe uliacha karatasi ya kiwanja kwa tajiri. Je, mkeo alisaini chochote? Kama hakusaini, ana neno lake la kusema, na analisema yeye mwenyewe. Huwezi kumsemea ukiwa umemficha.

Hapo tuingie kwenye nyumba yenyewe, maana naona ndiyo inayokunyima usingizi. Sura ya 33 ina kifungu kinachotaja mali ambazo hazikamatwi katika kutekeleza hukumu. Zimo nguo, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko ya mdaiwa, mkewe na watoto wake. Zimo zana za fundi. Na imo nyumba ya kuishi, au sehemu ya nyumba, ambayo mdaiwa, mkewe na watoto wanaomtegemea wanaikaa kama makazi yao. Kwa hiyo sebule na vyumba mnavyolala vina kinga, nawe unatakiwa uisimamie kinga hiyo kwa mdomo wako mahakamani, useme wazi kwamba ndimo mnamoishi. Usitegemee kwamba mdai atakusemea. Angalia hata hivyo neno "sehemu ya nyumba". Fremu mbili ulizopangisha si makazi yako, na wakili wa upande wa pili akiwa macho atalishika hilo. Mtumbwi na injini navyo usivihesabu kuwa salama, sijaviona vikitajwa kwenye kinga hiyo.

Na kinga ya nyumba haimsaidii mtu aliyeiweka rehani kwa njia halali. Ndiyo maana huo mkataba wa wakili uusome upya, neno kwa neno, pamoja na mtu wa sheria, kabla ya siku ya shauri. Kuna tofauti kubwa kati ya mkataba wa mkopo ambapo uliacha karatasi ikae kama ahadi, na rehani iliyofanywa kwa taratibu zake pamoja na ridhaa ya mwenza. Mimi sijauona mkataba wako, sitakuhukumia hapa. Mwulize wakili swali hili moja kwanza: nilichosaini ni rehani au si rehani?

Sasa laki 12 zako. Hapa nakuomba usome polepole, kwa sababu watu wengi wanaumia hapa.

Hukumu ikishatoka, pesa inalipwa mahakamani au anapewa mdai. Ukimpa mdai nje ya mahakama, ni lazima malipo hayo yapelekwe mahakamani yakaandikwe. Yasipoandikwa, mahakama inayokazia hukumu haiyatambui. Unaweza kuwa umelipa nusu ya deni dukani kwake, mkapeana mkono na kunywa chai, na kwenye jalada deni likasoma lote kama siku ya kwanza. Ndicho kilichokupata. Fomu ya maombi ya kukazia hukumu ina mahali ambapo mdai anatakiwa aeleze kama kuna malipo yoyote yaliyofanyika baada ya hukumu. Chukua nakala yako uangalie ameandika nini pale. Zile laki 5 za simu zina ushahidi: nenda kwa kampuni ya simu uombe taarifa ya miamala ya siku ile, iwe na jina la mpokeaji. Laki 7 za mkononi ni ngumu zaidi. Nani alikuwepo dukani? Uliandikiana hata kwenye kipande cha daftari? Kuna ujumbe wowote wa simu aliokutumia kukiri kupokea, hata "nimepata, asante"? Usiufute. Unaweza kuiomba mahakama imwite mdai aeleze kwa nini malipo hayo yasiandikwe, ila maombi ya namna hiyo yana muda wake, kwa hiyo usikae nayo. Njia nyepesi kuliko zote ni mdai mwenyewe akubali kwa maandishi kwamba alipokea, na ndiyo sababu moja ninayokutaka urudi kwake.

Kuanzia sasa usimpe hata shilingi elfu kumi bila risiti yenye namba ya shauri, na nakala iende kwenye jalada.

Hesabu zako nimeziweka hivi. Hukumu milioni 12, gharama laki 9, jumla milioni 12 na laki 9. Toa laki 12 zikikubaliwa, inabaki milioni 11 na laki 7. Riba ya asilimia 7 kwa milioni 12 ni laki 8 na elfu 40 kwa mwaka, yaani elfu 70 kila mwezi uliokaa kimya. Juu ya hapo, dalali akishaanza kazi ujira wake na gharama za ukamataji hurudi kwako. Kila wiki unayojificha unajiongezea deni, hilo nakuambia kwa uchungu.

Kaka yako anasema uahidi milioni moja kwa mwezi. Anakupenda, lakini anakupoteza. Mwezi wako mzuri kabisa unakupa laki 9 za faida na laki 1 na elfu 60 za fremu. Ukitoa milioni moja, mnabaki na elfu 60 kwa chakula, ada, mafuta ya injini na maradhi. Mwezi mbaya hata hiyo milioni yenyewe huna. Na amri za awamu mara nyingi huandikwa kwamba ukikosa awamu moja, deni lote linadaiwa mara moja na utekelezaji unaendelea. Ukishavunja ahadi uliyoitoa mwenyewe mbele ya hakimu, mara ya pili unaomba kwa uso gani?

Peleka namba ya mwezi mbaya. Mwezi mbaya una laki 3 na nusu za biashara na laki 1 na elfu 60 za fremu, jumla laki 5 na elfu 10. Mwezi kama huo ukitoa laki 3 na nusu, familia inabaki na laki 1 na elfu 60. Ni kidogo, mtabana mkanda, ila haiwezekani kusema huwezi kabisa. Tatizo ni kwamba kwa laki 3 na nusu, milioni 11 na laki 7 inachukua karibu miaka mitatu, na mdai ambaye pesa yake imekaa nje tangu 2024 hatakubali kirahisi. Hapo ndipo kiwanja cha njia ya Kasulu kinapoingia. Kiuze. Najua ulikiweka kwa ajili ya watoto. Lakini ukiingia mahakamani na milioni 5 za kuanzia, linabaki milioni 6 na laki 7, na kwa laki 3 na nusu unamaliza kwa miezi ishirini na kidogo, riba ikiwemo. Maombi ya namna hiyo yana sura ya mtu anayelipa. Ukipata mwezi wa laki 9, lipa zaidi, hakuna atakayekukataza.

Kiuze wewe mwenyewe kwa bei ya mteja wa kweli, kabla hakijaandikwa kwenye amri ya kukamatwa, na mwambie mdai na mahakama kwamba unakiuza ili ulipe. Mnadani watu huja kutafuta cha bei chee. Kikishakamatwa huruhusiwi kukiuza kimyakimya. Ila hata hapo sheria inaruhusu uiombe mahakama iahirishe mnada wa ardhi ukionyesha kwamba pesa inaweza kupatikana kwa kuiuza kwa hiari, kuipangisha au kuiweka rehani.

Kuna jambo jingine ambalo hakimu wa kutoka mkoa mwingine huenda asilijue, nawe ulieleze. Dagaa hawavuliwi kila siku ya mwezi. Wavuvi wa Kibirizi wanakwenda na giza. Mbalamwezi ikikomaa taa haziwavuti dagaa, mitumbwi inakaa nchi kavu, na mnunuzi kama wewe unakaa. Mzigo unanunuliwa kwenye giza, unaanikwa, unasafirishwa, pesa ya Dar es Salaam inarudi baadaye. Na masika dagaa hawakauki vizuri, wengine wanaharibika kwenye vichanja. Sasa ukipangiwa kulipa tarehe 1 ya kila mwezi, kuna miezi tarehe hiyo itakukuta mfukoni huna kitu ingawa mzigo wako uko njiani. Omba uruhusiwe kulipa siku yoyote kabla mwezi haujaisha, au awamu iwe kila baada ya miezi miwili kwa laki 7. Na sema mapema kipindi cha kufungwa kwa ziwa kikitangazwa tena utafanyaje, maana mwaka 2024 kilikukuta huna akiba. Kufungwa kwa ziwa hakufuti deni, lakini ni sababu ya kweli ya kuchelewa, inajulikana na kila mtu hapa Kigoma. Iandike kwenye kiapo chako na tarehe zake.

Sasa huyo tajiri. Alikata simu, na mimi simlaumu. Milioni 16 zilitoka mfukoni mwake akiamini neno lako, ukamlipa 4, kisha kesi, kisha laki 12, kisha kimya. Kimya hicho kilimuudhi kuliko deni. Usimpigie tena simu. Nenda na wazee wawili wa msikiti anaowaheshimu, na mkeo akikubali aje. Msalimie, kaa chini, umwambie: nilikosa kunyamaza, hii hapa hesabu yangu, hiki hapa kiwanja nakiuza, hiki ndicho ninachoweza kila mwezi, nakuomba tuiandike. Nyote mnaijua aya ya 280 ya Suratul Baqara, inayotaka mdaiwa mwenye dhiki asubiriwe mpaka apate wasaa. Waache wazee waiseme wao, usiitumie wewe kama silaha. Na aya ya 282, hatua chache mbele, inaagiza deni liandikwe na kushuhudiwa, kwa hiyo hakuna atakayeona vibaya ukitaka karatasi. Mkikubaliana, andikeni: kiasi kilichobaki baada ya kutoa zile laki 12, kianzio, awamu, tarehe, na nini kitatokea ukikwama. Sainini mbele ya wakili na ipelekwe mahakamani iingizwe kwenye jalada. Makubaliano ya barazani yasiyofika mahakamani hayamzuii dalali.

Akikataa, nenda na maombi yako hivyohivyo, pamoja na kiapo. Ambatanisha karatasi: taarifa ya miamala, mikataba ya wapangaji wa fremu, risiti za ada, stakabadhi za mzigo, na kama mteja wa kiwanja ameshapatikana, barua yake. Ukiweza kufika siku ile na pesa ya kwanza ikiwa tayari kuwekwa mahakamani, usiache.

La shemeji lisikupotezee muda. Kuhamisha nyumba kwa jina la ndugu wakati hukumu iko juu yako ni kumkimbia mdai, na uhamisho wa namna hiyo unaweza kubatilishwa. Hakimu akishaona umeficha mali, habari ya awamu imekwisha. Tena unajuaje kama shemeji atakurudishia? La rafiki yako ni baya zaidi. Hao wanaokopesha siku hiyohiyo ndio kausha damu. Unatoka kwenye deni la asilimia 7 kwa mwaka lenye usimamizi wa mahakama, unaingia kwenye deni la riba ya kila wiki lisilo na msimamizi. Kimbia.

Injini ya mpwa wako: yeye ndiye mwenye kulalamika. Mali ya mtu mwingine ikikamatwa kwa deni lako, mwenye mali anapeleka pingamizi mahakamani na uthibitisho wake, risiti ya kununulia au kitu chochote chenye jina lake na namba ya injini. Mwambie aanze kuitafuta hiyo risiti sasa. Nawe kwenye maelezo yako sema waziwazi ni ya nani.

Swali hukuliuliza lakini najua linakuzunguka: watanifunga? Sheria ina kifungo cha madai, kisichozidi miezi sita, na mdai ndiye anayetoa posho ya kumtunza mfungwa. Kukaa ndani hakufuti deni, ukitoka linakusubiri. Kwako mdai ameomba mali, hakuomba kifungo, na mtu anayefika mahakamani na hesabu zake hayuko kwenye hatari ileile na anayejificha. Wala usidhani ukinyamaza itaisha yenyewe. Hukumu ya madai inaweza kukaziwa mpaka miaka 12 ipite. Na ukimkwepa mpeleka wito, mahakama inaweza kuamuru ubandikwe mlangoni kwako, nao unahesabika umeupata.

Mambo yakienda vibaya kabisa na mali ikatangazwa kuuzwa, bado kuna nafasi. Bila ridhaa yako ya maandishi, mnada haufanyiki kabla ya siku 30 kupita kwa mali isiyohamishika, na siku 15 kwa inayohamishika, tangu tangazo libandikwe mahakamani. Ukileta deni na gharama zote kabla nyundo haijagonga, mnada unasimama. Nyundo ikishagonga njia zilizobaki ni nyembamba na za gharama: kwa nyumba au kiwanja, kuomba mauzo yafutwe unaweka fedha yote inayodaiwa, na juu yake asilimia 5 ya bei ya mnada kwa ajili ya mnunuzi. Tusifike huko.

Kama huna pesa ya wakili, ipo Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, na wasaidizi wa kisheria wapo katika halmashauri. Waulize ofisi ya ustawi wa jamii ya Manispaa, au ofisi ya mahakama yenyewe. Usiogope lugha. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 lugha ya mahakama ni Kiswahili, hivyo maombi yako na kiapo chako viandikwe kwa Kiswahili unachokielewa. Ukipewa cha kusaini usichokielewa, omba usomewe kwanza.

Leo zungumza na mkeo. Kesho asubuhi nenda kampuni ya simu na kwa wakili mkiwa wawili, na mkataba ule mkononi. Ijumaa baada ya swala watafute wazee. Ukishasikilizwa niandikie amri imesema nini, hasa tarehe ya kulipa waliyokupangia, nikuangalizie kama inakaa vizuri na giza la Kibirizi.